Andika Arudi

Kabla watu wa Kinshasa hawajaja na neno lao la "scénariste", yaani mwandishi wa filamu, sisi wa mtaa wa Cimpunda tulimwita Firmin muongo, na tulimwita hivyo kwa mapenzi. Alikuwa akija kwangu asubuhi, anaomba chai, anaketi, halafu ananiambia:

"Mama Constance, leo weye ni mujane. Bwana yako balimuua kwa barrière, na soldat mwenye alimuua anakuya kukuomba maji ya kunywa."

"Na miye namupa?"

"Unamupa. Njo batu batalia."

Watu watalia: basi, hiyo ndiyo ilikuwa filamu. Karatasi hakuna. Karatasi zilikuwa hatari: ukisimamishwa njiani nazo, zimeandikwa kwamba askari anapora raia, utaeleza mpaka ulimi ukauke kwamba ni mchezo tu. Firmin aliandika kichwani, akatusimulia kwa mdomo, nasi tukacheza kama tulivyosikia. Ruhusa ya kupiga picha hatukuwa nayo na hatukuiomba, maana anayeomba ruhusa hujulikana. Kamera ilikuwa simu. Kuna siku tuliificha katika beseni la mboga za lengalenga, jicho lake likichungulia kati ya majani, nikajitwika beseni nikapita mbele ya barrière ya kweli, kizuizi cha askari wa kweli. Wakaniomba pesa ya sigara. Nilitetemeka vizuri sana siku ile, na watu walionisifu baadaye kwamba najua kuigiza woga sikuwajibu kitu.

Tulizionyesha filamu hizo katika ukumbi wa kanisa, baada ya mazoezi ya kwaya, ngoma ikiwa karibu. Akiingia mtu tusiyemjua, mashine ya kuonyeshea inazimwa na sisi tunaanza Haleluya. Kisha vijana wanaojaza nyimbo katika simu za watu pale soko la Kadutu walizichukua kwenye kadi za memori, na kadi zilikwenda zinakokwenda simu, mpaka machimbo ya dhahabu ya Mwenga na Shabunda. Hatukupata chochote cha maana. Lakini mwanamke asiyenijua aliwahi kunishika mkono njiani akaniambia pole kwa kufiwa na mume, na mimi mume wangu alikuwa nyumbani anakoroma.

Nimekufa kila aina ya kifo katika filamu za Firmin: kwa risasi, kwa sumu, kwa mkono wa mkamwana. Sikuona shida. Lakini kulikuwa na jambo moja ambalo hakuna mwigizaji wa kwetu angelikubali, hata umpe nini: picha yake kuwekwa juu ya jeneza. Kulala ndani ya jeneza, sawa, unalala, unainuka, unakunywa soda. Picha haiinuki. Kwa hiyo Firmin alipiga maziko yote kutoka nyuma ya migongo ya waombolezaji, na hakuna mtazamaji aliyelalamika.

Sasa nimtaje Mardochée, maana habari yote ni yake.

Mardochée ni mdogo wake Firmin, wa tumbo moja. Alikwenda Shabunda kuchimba dhahabu, akamwacha mkewe Charlène na watoto nyumbani kwa mama yao, Mama Emérence, jirani yangu wa ukuta kwa ukuta. Mwanzoni alipiga simu. Baadaye simu zikawa chache, halafu zikaisha. Ikaja habari kwamba shimo moja limebomoka na kufunika watu, lakini majina hayakuja. Miaka ikapita. Charlène akakonda. Mama Emérence hakukonda wala hakulia, alibaki tu amekaza uso kama mtu aliyebeba maji yaliyojaa mpaka ukingoni.

Kwetu, mtu akifa mbali na mwili usionekane, wazee hukata mgomba, wakaufunga sanda, wakauzika mahali pake, ili moyo wa watu upate pa kutua. Baba mdogo Isidore, mkubwa wa ukoo kule kijijini Mudaka, alikuja Cimpunda kuomba hilo. Aliongea vizuri, kwa heshima. Mama Emérence alimsikiliza hadi mwisho, kisha akachukua ufagio.

"Mutoto wangu munataka akuwe mugomba? Toka! Nasema toka!"

Mzee wa watu alishuka ule mteremko wa Cimpunda akishikilia kofia yake. Tulicheka, Mungu atusamehe.

Firmin hakucheka. Alikwenda akaandika. Kwa mara ya kwanza aliandika kwenye karatasi, kurasa na kurasa, hadithi ya mama anayekataa kuzika mgomba. Mwishoni mama anakubali, anazika, anabaki peke yake shambani. Akaituma Kinshasa kwa bwana mmoja aliyeitwa Edouard, mtengenezaji wa filamu kubwa, aliyekuwa ameiona ile filamu ya beseni kwenye simu ya mtu na kuuliza ni nani aliyeitunga. Nilimuuliza Firmin kama mama yake anajua.

"Anajua ni film ya mama mwenye kungoja."

"Na mwisho anajua?"

"Mama Constance, ni film. Hata jina la ule kijana ni ingine."

Edouard alikuja na kamera tatu, magari, jenereta, na mwigizaji maarufu wa Kinshasa wa kucheza mama. Mimi, niliyefiwa mara zote hizo bila malipo, nilipewa kuwa mwombolezaji wa pili kutoka kushoto. Nilikubali. Mtu mwenye njaa hachagui upande.

Maziko yalipigwa Mudaka, katika shamba la ukoo wa akina Firmin, kwa kuwa ndiko iliko migomba na Isidore hakudai kitu. Kaburi likachimbwa. Jeneza likaletwa, ndani mgomba umefungwa shuka nyeupe. Edouard akatazama kwenye kamera yake, akatikisa kichwa.

"Picha ya marehemu iko wapi?"

Kijana aliyecheza mwana akaambiwa atoe picha. Akakataa. Wakamwongezea malipo, akakataa, akavua na koti la filamu kabisa. Wakaja kwetu waombolezaji: nani ana picha ya kijana yeyote? Kila mtu akaanza kutazama miguu yake. Edouard hakuelewa. Alidhani tunataka pesa zaidi. Alisema kwa Kifaransa chake kizuri kwamba filamu kubwa haipigi migongo ya watu, inapiga uso, na kwamba jua linaondoka na kesho magari yanarudishwa.

Firmin alisimama kando, amechanganyikiwa. Ile ndiyo filamu aliyoingojea tangu ujana wake, na ilikuwa inamfia mkononi kwa kukosa picha. Nilimwona akitoa simu, akitafuta, akimpa mtu wa mapambo. Yule akaenda kwenye gari lenye mashine ya kuchapa, akarudi na picha katika fremu. Ikawekwa juu ya jeneza.

Ilikuwa Mardochée, siku ya harusi yake, anacheka.

Niliinuka kutoka kwenye nafasi yangu, ya pili kutoka kushoto. "Firmin, ondoa! Ondoa mbio!"

"Ni dakika moja tu, Mama Constance. Dakika moja."

Alikuwa analia tayari. Nataka hilo lijulikane, maana watu wengi wamemsema. Lakini mama mmoja wa Cimpunda, aliyekuja kujaza umati, alikuwa ameiona ile picha naye hakuuliza. Alikwisha piga simu: "Mama Emérence, mbona habari ilifika na hukutuambia? Tuko hapa tunamuzika Mardochée." Na baba mdogo Isidore, alipoona uso wa mtoto wa kaka yake juu ya jeneza, alidhani yule mama mkaidi hatimaye amekubali na ameona haya kumwambia. Akavua kofia. Akasogea kwenye kaburi, akaanza kusema kwa Mashi, lugha ya wazee wetu, maneno yenyewe, yale ya kumpeleka mtu kwa baba zake. Wajomba na mashangazi waliokuwa wakitazama kutoka kwenye ua wakaingia shambani wanalia. Mwigizaji wa Kinshasa akasukumwa pembeni na vilio vya kweli, akabaki ameshika leso yake.

Maneno hayo ni marefu, na kabla hayajaisha pikipiki ikafika. Mama Emérence akashuka bila viatu.

"Habari ilifika?" akamuuliza Firmin. "Balimuona?"

"Hapana, Maman. Hapana. Ni film. Twende nyumbani."

Angeweza kumshika mkono. Angeweza kuangusha ile fremu. Alibaki amesimama, na nyuma ya kamera Edouard alikuwa amenyoosha kiganja kuwaambia watu wake wasizime. Mama Emérence alitazama picha. Akatazama mgomba kwenye sanda. Isidore alikuwa amefika mwisho wa maneno, na udongo ulikuwa tayari mikononi mwa watu. Yale maji aliyokuwa amebeba miaka yote yakamwagika pale. Alianguka, akaviringika, akamwita mwanawe kwa majina ya utotoni ambayo hata mimi sikuwahi kuyasikia. Kisha akajiinua, akachukua udongo kwa mikono miwili, akautupa.

"Coupez," Firmin akasema. Alisema tena, kwa sauti. Hakuna aliyemsikiliza. Katika filamu zetu za beseni neno hilo la kusimamisha kamera lilikuwa lake, lakini katika filamu kubwa mwandishi ni mgeni kama wageni wengine.

Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, na ile filamu iliupeleka uchungu huo duniani. Ilipata tuzo. Ilionyeshwa Kinshasa kwenye ukumbi wenye viti vya kitambaa, na ng'ambo, na kwenye televisheni za kulipia. Firmin akahamia Kinshasa, akapewa kuandika filamu ya mfululizo kuhusu matajiri wanaogombana kwenye sofa. Alinunua viatu vya ngozi. Picha yake ilitoka gazetini, amekunja mikono kama mtu anayejua anachokifanya.

Na huku nyumbani, nitasema kweli, tulianza kuona kwamba alifanya jema bila kukusudia. Mama Emérence alinyolewa, akakaa matanga, watu wakaja na kuni na maharage. Baada ya hapo alianza kulala usingizi. Aliongeza mwili. Alianza kumtaja Mardochée kama tunavyowataja waliolala, bila kukaza uso. Charlène aliachiliwa kwa amani na wakwe zake, akaolewa na mwalimu mmoja wa Bunyakiri, akaenda na watoto. Tulimsindikiza kwa nyimbo. Kila mtu alikuwa amekwisha pata mahali pake katika ule msiba.

Halafu simu ikalia.

Ilikuwa mchana, simu ya Mama Emérence iko kwangu inachajiwa, kwa kuwa mimi nina kioo cha jua. Namba siijui. Nikapokea.

"Allô, Maman?"

"Maman iko soko. Ni jirani, Mama Constance. Weye ni nani?"

Mtu akacheka kidogo. "Mama Constance, ule wa kufa mu film zote?"

Kicheko nilikijua kabla ya sauti. Nikaketi kwenye magunia ya makaa.

"Mardochée?"

"Alikuwa Mardochée. Mulimuzika. Mulimuzika muzuri kabisa, na batu mingi."

"Ilikuwa film, mutoto wangu! Film ya Firmin!"

"Film?" Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililonitisha. "Mutu alikuya na video mu telephone huku kwa mashimo, kipande kile cha kutangaza. Bakaniita, bakasema kuya uone mutu anafanana na weye. Picha ni yangu, ya harusi. Shamba ni ya babu. Baba mudogo Isidore njo alisema maneno. Na Maman alitupa udongo, nilimuona na macho yangu. Sasa ile ni film ya nani?"

Angalia, alikuwa na haki katika kila kitu. Hakuna hata kimoja nilichoweza kumwambia ni cha uongo.

"Kuya nyumbani," nikasema. "Kuya tu."

"Sikupata kitu huku. Nilikuwa na haya ya kurudia mikono mitupu, nikasema ngoja mwezi huu, ngoja ule. Njo vile miaka ilienda. Sasa mutu mwenye balishamulia, anaingia na mulango gani?" Kisha akauliza: "Charlène iko?"

Nilipaswa kudanganya. Nimedanganya mbele ya kamera maisha yangu yote, na siku nilipohitajiwa sikuweza. Nilinyamaza, naye akaelewa kile kimya.

"Bon," akasema. "Mama Constance, usimuambie Maman. Alishanilia. Asilie mara mbili."

Akakata. Nilipopiga, alijibu mwenye duka la kule machimboni: yule mtu aliazima simu tu, amekwisha ondoka, na mahali anapolala hapajui.

Sikumtii. Nilimpigia Firmin Kinshasa, nikamweleza, nikasikia kwenye simu kitu kikianguka. Alifika kwa ndege ya kwanza aliyopata, na vile viatu vya ngozi, na uso ambao sikuwahi kuuona hata siku tulipokimbizwa na askari. Akataka niwepo. Tulimkuta Mama Emérence uani anachambua maharage.

Firmin alipiga magoti. "Maman, Mardochée iko muzima."

Ungo ukamwagika. Mama Emérence alipiga vigelegele, akanikumbatia, akamkumbatia Firmin, akacheza, mwanamke wa umri ule, juu ya maharage. "Anakula? Anaumwa? Anakuya lini?"

"Hakuyi, Maman."

Akamweleza yote, ile video, ule udongo, ule mlango. Alimweleza na lile neno la asilie mara mbili. Mama Emérence aliketi polepole. Akatazama mikono yake, akaipangusa kwenye kitenge, akaipangusa tena.

"Film ile, ni weye njo uliandika?"

"Ni miye, Maman."

"Uliandika afe."

"Ndiyo."

"Basi andika arudi."

Firmin alijaribu kila kitu. Alimpigia Edouard mbele yetu, akamsihi aondoe kile kipande cha matangazo, au aweke maneno chini yake kwamba mtu wa kwenye picha yu hai. Edouard alisikitika sana. Filamu haikuwa mikononi mwake tena, ilikwisha uzwa kwa wasambazaji. Halafu akasema kwamba lakini habari hiyo ni nzuri ajabu, kwamba hiyo ni sehemu ya pili. Firmin alimkatia simu.

Akajaribu kwenda Shabunda mwenyewe, kwa pikipiki. Alirudi ametapakaa tope mpaka kifuani, viatu vya ngozi hana. Mbele kulikuwa na mapigano na watu walirudishwa. Alituma salamu kwa wachuuzi, kwa redio, kwa mapadri. Wale wa Kinshasa walimpigia kuhusu matajiri wao wa kwenye sofa, mwanzo kwa upole, baadaye kwa ukali, mwisho hawakupiga. Msiba wa kujitakia hauna kilio, watu wa mtaani walisema, na walihakikisha anasikia. Nilimtukana mmoja wao mpaka akahama upande wa barabara.

Usiku na mchana Firmin aliketi na karatasi. Kinshasa walikuwa wamemfundisha kuandika vizuri, ndani, nje, mchana, nani anasema nini, na sasa hakuna kilichotoka. Kila alichoandika alikiona cha uongo. Alikuwa anachana karatasi na mama yake anaziokota kuwashia moto.

Aliyetusaidia ni Isidore. Yule mzee alikuja kutoka Mudaka mwenyewe, amezeeka ghafla, akaketi mahali palepale alipofukuzwa na ufagio. Akasema kosa ni lake pia, maneno aliyasema yeye. Maji yakimwagika hayazoleki, na maneno yale hayarudishwi tumboni. Lakini mtoto ameuliza swali, naye apewe jibu. Mtu aliyeliliwa hapiti mlango ambao kilio chake kilitokea, hilo ni kweli. Basi afunguliwe mlango mwingine.

"Wapi?" Firmin akauliza.

Isidore akaonyesha ukuta wa nyuma.

Nyumba ya Mama Emérence ni ya mbao, kama nyumba zetu nyingi, na ukuta ule wa nyuma unatazama mteremko, ndiko mvua inakotoka. Hakuna mwenye akili anayefungua mlango pale. Firmin alichukua nyundo akaanza kung'oa mbao. Waigizaji wetu wa zamani waliposikia walikuja mmoja mmoja, hakuna aliyeitwa. Mwingine alileta msumeno, mwingine bawaba. Nilishika simu, maana hii ndiyo ilikuwa filamu ya kumrudisha, nikapiga picha yeye aking'oa, mzee akipima kwa mkono, na udongo mwekundu wa mteremko ukionekana kupitia lile tundu jipya. Mlango wenyewe hatukuweka. Mama Emérence alikataa.

"Mulango banafungaka," alisema. "Ibakie wazi."

Nikamuuliza Firmin nani atacheza mwana. Bienfait, kijana wa kwaya, alikuwa na mwili kama wa Mardochée. Mama Emérence alitikisa kichwa: asiletewe mtoto wa mtu. Alisimama ndani ya lile tundu, kitambaa kichwani, akatazama kamera.

"Maman, utasema—" Firmin akaanza.

"Nyamaza weye. Ulishaandika."

Akazungumza. Nakumbuka yote, kwa kuwa mimi ndiye niliyeshika simu.

"Mardochée, mutoto wangu. Nilikulia, ni kweli. Nilitupa udongo, ni kweli, sikufanya mchezo. Nilichoka, mutoto wangu. Mutu anachokaka. Charlène alienda, ni kweli pia, sitakudanganya, na batoto beko muzima. Sasa ona. Ile mulango ya zamani ni ya kilio. Hii ni yako. Hakuna mutu atapitia hapa mbele yako, hata miye. Usilete or, ile dhahabu. Siku nilikuzaa ulikuya na mikono mitupu, na nilikupokea. Kuya vile."

Akabaki amesimama, anaangalia. Tulingoja Firmin aseme coupez. Hakusema. Simu ilizimika yenyewe ilipojaa.

Filamu hiyo haina jina na haikupelekwa Kinshasa. Tuliijaza kwenye kadi pale Kadutu, tukampa kila anayekwenda upande ule, wachuuzi wa sabuni, wa dawa, wachimbaji wanaorudi kazini. Tuliwaambia wasiiuze, waigawe. Kisha mvua za msimu zikaja, na kweli zilitokea ule upande. Maji yaliingia ndani kwa Mama Emérence kila yalipotaka. Tulihamisha kitanda, tukahamisha magunia, tukachimba mfereji. Watoto wa jirani walionywa wasipitie pale, na hawakupita. Kuku mmoja tu alijaribu, na Mama Emérence alimtupia kiatu. Nilimwambia aweke hata turubai. Alisema mtu anayetoka mbali akiona turubai atafikiri pamefungwa. Alianza kukohoa. Firmin alikohoa pia; alilala sakafuni karibu na lile tundu kama mlinzi, na nilipomtazama sikuona tena mwandishi yeyote, wa filamu ndogo wala wa kubwa. Niliona mtu aliyetamani kuwa yeye ndiye aliyepotea.

Jana, baada ya kanisa, ujumbe wa sauti uliingia kwenye simu ya Firmin. Namba ya mtu mwingine tena. Aliniita kwa kupiga ukuta. Tuliketi watatu, akabonyeza.

Kwanza kelele za mashine ya maji. Mtu akikohoa. Kisha Mardochée.

"Firmin. Niliona ile mulango. Iko muzuri." Mashine ikanguruma muda mrefu, nikadhani ameondoka. Sauti ilirudi, imepungua. "Lakini Maman amezeeka. Amezeeka sana. Ni miye nilifanya vile."

Ikaisha. Firmin alipiga ile namba, imezimwa. Alipiga tena na tena, halafu akaangusha simu mapajani akalia kwa sauti, kama alivyolia mama yake siku ile Mudaka. Mimi pia nililia. Sikujua kama ule ulikuwa ujumbe wa mtu anayekuja au wa mtu anayeaga, na hata sasa ninapoandika sijui.

Mama Emérence hakulia. Alimwambia Firmin aicheze tena, akaisikiliza ameinamisha sikio. Akavua kitambaa chake, akajipapasa kichwani, nywele zote zilizoota tangu anyolewe zilikuwa nyeupe. Akachukua kioo kidogo cha ukutani akajitazama vizuri, upande huu na upande huu.

"Mama Constance," akasema, "kuya unisuke. Unipake na rangi, ile nyeusi. Firmin, panguza macho, utafute telephone. Tupige ile film tena."

Nikaenda kwangu kutafuta kitana.